Peter Jackson, Bingwa Aliyenyimwa Mpinzani

Wasikilizaji, sisi wa Bariadi twayajua mashindano ya ngoma ya Bagika na Bagalu. Vikundi viwili hucheza siku moja, na watu huenda upande unaowapendeza. Wingi wao ndio hukumu. Kikundi kisichotokea uwanjani hakiwezi kurudi nyumbani kikijisifu kuwa kimeshinda. Katika ngumi za watu wazito, zamani, jambo hilo liliwezekana.

Peter Jackson alizaliwa karibu na mwaka wa 1860 katika kisiwa cha St. Croix, kilichokuwa chini ya Denmark. Utumwa ulikuwa umekomeshwa kisiwani humo mwaka wa 1848 tu. Akiwa kijana alisafiri hata Australia, akafanya kazi ya ubaharia, kisha mjini Sydney akafundishwa ngumi na Larry Foley. Mwaka wa 1886 alimshinda Tom Lees katika raundi ya 30, akawa bingwa wa Australia.

Bingwa wa nchi moja humtafuta bingwa wa nchi nyingine. Basi mwaka wa 1888 Jackson akavuka bahari hata San Francisco. Bingwa wa Marekani, John L. Sullivan, akajibu kwamba yeye hapigani na mtu mweusi. Hakusema kwamba Jackson hajui ngumi. Aliitazama ngozi yake tu.

James J. Corbett alikubali. Tarehe 21 Mei 1891 walikabiliana raundi 61, kila raundi dakika tatu na dakika moja ya kupumzika. Hesabuni wenyewe, enyi wanafunzi: ni zaidi ya saa nne! Mwishowe walizungukana tu, mikono haiinuki kwa uchovu, hata mwamuzi akalisimamisha pambano, pasiwe na mshindi. Mwaka uliofuata Corbett akapewa nafasi ya kupigana na Sullivan, akamshinda, akawa bingwa wa dunia. Yule mwenziwe wa raundi 61 hakupewa nafasi hiyo, ingawa mwaka huo huo wa 1892 alikuwa amempiga Frank Slavin mjini London katika raundi ya kumi. Jackson na Corbett walizungumza habari za kurudiana, wasiafikiane juu ya mahali.

Tangu hapo akapata mapambano machache. Alizunguka akiigiza michezo ya jukwaani, na pombe nayo ikamdhoofisha. Mimi siwezi kumlaumu sana. Mkulima aliyenyimwa shamba miaka mingi hupoteza hata jembe. Mwaka wa 1898 kijana Jim Jeffries alimwangusha katika raundi ya tatu. Kifua kikuu kikamwua tarehe 13 Julai 1901, katika mji wa Roma, Queensland; akazikwa Brisbane.

Mtu mweusi wa kwanza kuwa bingwa wa dunia wa uzani mzito alikuwa Jack Johnson, aliyemshinda Tommy Burns tarehe 26 Desemba 1908. Pambano hilo lilifanyika Sydney, mji ule ule ambamo Jackson alijifunza ngumi.