Kifafa cha Mimba Baada ya Kujifungua: Misimbo ya Magonjwa na Vitabu vya Hospitali Unguja

Kwa desturi ya Unguja, kama ilivyo katika sehemu kubwa ya mwambao, mzazi hukaa ndani siku arobaini, akikandwa maji ya moto na kuhudumiwa na mama yake, shangazi zake au mkunga, na hatoki mpaka siku hizo zitimie. Wataalamu wa takwimu za afya nao wameuwekea uzazi mpaka wa siku 42 tangu mimba kumalizika, na kifo cha mama kinachotokea ndani ya muda huo kwa sababu inayohusiana na mimba huhesabiwa kuwa kifo cha uzazi. Mipaka hiyo miwili imepishana kwa siku mbili tu, ila mmoja hulindwa na watu wa nyumbani na mwingine hulindwa na makarani wa hospitali, na kifafa cha mimba kinachozuka baada ya mtoto kuzaliwa mara nyingi hupita baina ya walinzi hao.

Ugonjwa wenyewe huanza na shinikizo la damu, yaani presha, ambayo ikifika 160 kwa 110 au kuzidi huitwa kali, ikifuatana pengine na kichwa kuuma, macho kuona ukungu na protini katika mkojo. Mwili ukianza kutukutika na fahamu kupotea, hapo ndipo huitwa kifafa cha mimba. Kwa kuwa mtukutiko huo waweza kumkuta mzazi siku kadhaa baada ya kujifungua salama, wapo jamaa ambao hudhani ni shetani, na mganga huitwa kabla ya kutafutwa gari.

Orodha ya kimataifa ya sababu za vifo, ambayo ndiyo asili ya misimbo ya leo, iliwasilishwa na Mfaransa Jacques Bertillon huko Chicago mwaka 1893, wakati Unguja ikiwa na miaka mitatu tu chini ya himaya ya Uingereza. Katika marekebisho ya 1909 protini ya mkojo na mitukutiko ya uzazi viliwekwa pamoja chini ya namba moja, 138, kana kwamba dalili na janga lake ni kitu kimoja. Orodha hiyo ilihusu maiti tu; ni marekebisho ya sita, ya 1948, chini ya Shirika la Afya Duniani, yaliyoingiza pia maradhi ya walio hai, na hapo ndipo mama aliyepona alipopata nafasi katika hesabu.

Uainishaji wa kumi, uliopitishwa mwaka 1990, ulikipa kifafa cha mimba msimbo O15 na kuugawa kwa wakati: O15.0 kikitokea wakati wa ujauzito, O15.1 wakati wa uchungu, na O15.2 baada ya kujifungua. Hatua hiyo ilikuwa kubwa, lakini ilikuwa na upungufu ambao haujasemwa vya kutosha, kwa sababu presha kali inayotangulia kifafa, ambayo msimbo wake ni O14.1, haikupewa mgawanyo wowote wa wakati. Kwa maneno mengine, uainishaji huo humwona mama wa arobaini baada ya kutukutika, ilhali saa za kumwokoa zilikuwa kabla ya hapo. Uainishaji wa kumi na moja, unaotumika tangu Januari 1, 2022, umebadilisha herufi na namba, presha ikiwa JA24 na kifafa JA25, bali mgawanyo wa wakati umebaki upande wa kifafa.

Unguja, mgonjwa wa namna hii hatimaye hupelekwa Mnazi Mmoja, hospitali kuu ya rufaa iliyo ukingoni mwa Mji Mkongwe, ambayo kabla ya Mapinduzi ya 1964 ilijulikana kwa jina la Karimjee Jivanjee na baadaye ikaitwa V. I. Lenin. Afya si jambo la Muungano, hivyo Zanzibar ina wizara yake na mfumo wake wa taarifa, ambao tangu katikati ya miaka ya 2000 umekuwa ukihamishwa kutoka kwenye madaftari kwenda kwenye kompyuta. Hata hivyo kompyuta hupokea kile kilichoandikwa wodini. Katika wodi ya wazazi, mkunga aliyepima presha na kushuhudia mtukutiko ana kila sababu ya kuandika kifafa cha mimba. Mzazi huyohuyo akirejea siku ya kumi na kupokewa katika wodi ya kawaida, bila mtu kuuliza habari za mtoto, aweza kuandikiwa kiharusi, msimbo I64, au kifafa cha kawaida, G40, na uzazi wake ukafutika katika takwimu.

Kosa la namna hiyo ndilo lililolengwa na mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa 2012 kuhusu vifo vya uzazi, uliosisitiza kuwa kiharusi au figo kushindwa kazi ni mwisho wa safari ya ugonjwa, na kwamba kinachopaswa kuhesabiwa ni chanzo chake. Fomu ya kimataifa ya hati ya kifo nayo ina mahali pa kuulizia kama marehemu alikuwa mjamzito au alijifungua ndani ya siku 42. Swali hilo halina budi kuulizwa pia kwa kila mwanamke wa umri wa kuzaa anayeingia wodi yoyote ya Unguja akiwa na presha kali au mtukutiko, angali hai, na jibu liandikwe katika mstari wa kwanza wa faili lake.