Nani Anakaa Juu ya Mti wa Balete?

Sote tuliopita shule ya Jumapili tunamjua Zakayo, na tunaujua mti wake. Biblia yetu ya Kiswahili inauita mkuyu, na watafsiri hawakukosea, kwa maana ni mti ule ule unaoota kandokando ya mito yetu. Mkuyu una ndugu wengi duniani. Mmoja wao unaota katika visiwa vya Ufilipino, na wenyeji wasemao Kitagalogi huuita balete. Tumeona vema kulieleza neno hili kwa washarika wenzetu kwa sababu limebeba historia ya jinsi Injili ilivyokutana na imani za wazee, na kwa sababu sehemu moja ya historia hiyo, ambayo si ya kujivunia, ilianzia kwenye pwani yetu wenyewe.

Kwanza mti wenyewe. Jina balete ni la aina kadhaa za jamii ya mkuyu na mtini, zenye tabia moja ya ajabu. Ndege hula tunda, kisha huangusha mbegu juu ya tawi la mti mwingine. Mbegu huota huko huko juu na kuteremsha mizizi kama kamba mpaka ifike ardhini. Mizizi ikishapata udongo hunenepa, hushikana, huukumbatia mti uliowapokea na kuunyima nafasi ya kukua. Miaka ikipita, mti wa ndani hufa na kuoza, na ule wa nje hubaki umesimama, katikati yake pakiwa na uwazi kama chumba. Katika mji wa Maria Aurora, kwenye kisiwa cha Luzon, upo mbalete mkubwa ambao wageni huingia ndani yake kwa miguu na kutazama juu. Mtu akiuona haihitaji kumweleza kwa nini wazee waliuona kama nyumba.

Leo neno hilo lina kazi nyingine pia. Ni jina la mji ulio kando ya ziwa Taal katika mkoa wa Batangas, na la mji mwingine katika mkoa wa Aklan. Ni jina la barabara moja ya Quezon City ambayo watu huiogopa usiku, wakisema kwamba mwanamke mwenye nguo nyeupe huwatokea madereva. Lilikuwa jina la njia ya milimani ambako Wamarekani na Wajapani walipigana vikali mwaka 1945. Jenerali Dalton aliuawa huko, na siku hizi njia hiyo huitwa kwa jina lake. Hayo tunayapita. Tunataka kukaa kidogo kwenye maana ya zamani zaidi.

Wahispania walipoanza makao yao Cebu mwaka 1565 na Manila mwaka 1571, mapadre wao waliandika waliyoyaona. Mjesuiti Pedro Chirino, ambaye kitabu chake kilichapwa Roma mwaka 1604, anaeleza kwamba wenyeji waliipa miti mikubwa ya kale heshima ya kimungu, na kwamba kuukata mti wa namna hiyo kulihesabiwa kuwa kufuru. Anaeleza pia kwamba waliweza kumwita hata mamba kwa jina la nono, yaani babu. Neno hilo lingali hai. Katika Kitagalogi nuno ni babu au bibi, tena ni mzee asiyeonekana akaaye kwenye kichuguu. Kwa hiyo baba wa ukoo aliyefariki na yule aliye porini waliitwa kwa jina moja, na mti mkubwa ulikuwa mahali pao. Mpaka leo Wafilipino wengi, Wakristo waliobatizwa, wakipita karibu na mbalete husema taratibu, “Tabi-tabi po.” Ni kama kusema, “Samahani, wakubwa, tunaomba kupita.” Hiyo po ya mwisho ni neno la adabu analoambiwa mzee. Sisi tungesema ni hodi inayopigwa kwenye nyumba isiyo na mlango.

Tusiwacheke. Wazee wa pwani yetu walikuwa na neno mzimu, nalo lilitaja roho ya marehemu na pia mahali inapokaa: mbuyu, pango, gofu la kale, ambako watu walipeleka ubani na vitambaa. Kanisa lilipofika halikulitupa shina la neno hilo. Katika Biblia yetu kuzimu ni mahali pa wafu, na mhubiri akitaja kuzimu madhabahuni, washarika wengi husikia moto. Mahali ambapo mjukuu alikwenda kuzungumza na babu pakawa mahali pa kuogopwa. Neno halikubadilika hata herufi moja, ila wakazi wake walihesabiwa upya.

Kule Ufilipino jambo hilo hilo lilitokea, lakini kwa uchaguzi unaostahili kuangaliwa. Mfransisko Juan de Plasencia, aliyeandika juu ya desturi za Watagalogi mwaka 1589, anasema hawakuwa na mahekalu. Walikuwa na neno simbahan, lenye maana ya mahali pa kuabudia, lakini mahali penyewe palikuwa nyumba kubwa ya mkuu wa kijiji. Sikukuu ikifika waliiongezea vibanda pande zote mbili watu wasilowe na mvua, wakaning’iniza taa ndogo kwenye nguzo na kuweka moja kubwa katikati, wakapiga ngoma kubwa na ndogo kwa zamu, kwa kawaida siku nne. (Msomaji asidhani kuna simba hapa, simba kwa Kitagalogi ni kuabudu. Tumewahi kuona kijana wa kwaya akicheka sana alipoambiwa kwamba Mfilipino siku ya Jumapili huenda “simbahan”.) Neno hilo lilibatizwa. Leo jengo la kanisa, liwe la Kikatoliki au la Kiprotestanti, ni simbahan.

Jina la Mungu lilipata njia nyingine. Watagalogi walikuwa na jina Bathala kwa yule aliye juu ya wote, lakini kitabu cha mafundisho kilichochapwa Manila mwaka 1593, kwa Kihispania na Kitagalogi, kilishika jina la Kihispania, Dios, hata ndani ya sala za Kitagalogi. Hapo sisi tunawashukuru waliotutangulia, kwa kuwa walitupa Mungu kwa neno ambalo bibi zetu walilijua kabla ya wamisionari.

Na balete? Neno hilo halikupewa Bathala wala Dios. Ukumbi wa mkuu uliingizwa katika Ukristo, mti ukaachwa nje, na vilivyokaa ndani yake vikaitwa mashetani. Wanaotaka kuwatetea mapadre wana mistari ya kutosha. Torati na manabii wanawakemea Waisraeli kwa ibada zao chini ya kila mti wenye majani mabichi. Bonifasi naye, huko Ujerumani katika karne ya 8, aliuangusha mwaloni wa mungu wa radi, na mbao zake zikajengea nyumba ya sala. Lakini Biblia hiyo hiyo inasimulia kwamba Ibrahimu alipanda mkwaju Beer-sheba na kuliitia jina la Bwana papo hapo, na kwamba Bwana alimtokea penye mialoni ya Mamre. Mti haukuwa kosa. Luther, katika Katekisimo Kubwa ya mwaka 1529, anapofafanua amri ya kwanza hataji miti; anauliza moyo wako umetegemea nini. Kwa kipimo hicho tunadhani aliyesema “tabi-tabi po” akapita zake kwenda ibadani hakuwa mbaya kuliko mzungu aliyeshika rozari huku akihesabu fedha ya Acapulco. Hilo ni oni letu, na msomaji anaweza kulikataa.

Sasa tunafika kwenye jambo lililotufanya tuandike.

Ukimwuliza mtoto wa Ufilipino nani anakaa juu ya mti wa balete, jibu lake linaweza kuwa: kapre. Atakueleza kwamba kapre ni jitu jeusi, refu mno, lenye nywele nyingi mwilini, linaloketi kwenye tawi usiku na kuvuta sigara kubwa ya tumbaku. Vimulimuli vikionekana kati ya majani, ni cheche za sigara yake. Huwapoteza wasafiri njiani, na pengine humpenda msichana na kumfuata maisha yake yote.

Jina hilo si la Kitagalogi. Limetokana na neno la Kihispania cafre, ambalo Wahispania na Wareno walilitumia kwa Waafrika weusi, hasa wa upande huu wa mashariki na kusini. Nao walilipata kwa wafanyabiashara Waislamu wa pwani, waliowaita watu wa bara kwa neno la Kiarabu kafir, asiyeamini. Ndilo kafiri letu. Ndilo lililozaa hata kukufuru, neno tunalolisoma katika habari za mateso ya Bwana, kuhani mkuu anaporarua mavazi yake.

Lilifikaje Manila? Tangu mwaka 1580 hadi 1640 Ureno na Hispania zilikuwa chini ya mfalme mmoja. Filipo wa Pili, ambaye visiwa vile vinaitwa kwa jina lake, ndiye aliyekuwa mfalme Wareno walipoanza kujenga Ngome ya Yesu pale Mombasa mwaka 1593, mwaka ule ule kilipochapwa kitabu cha sala cha Manila. Wareno walikuwa na vituo Msumbiji, Goa, Malacca na Macau, na merikebu zao zilipeleka bidhaa Manila. Antonio de Morga, aliyekuwa hakimu mkubwa huko, alichapisha kitabu Mexico mwaka 1609, na katika orodha ya bidhaa hizo, pamoja na viungo na vitambaa, anaandika watumwa, weusi na makafri. Anawataja kama anavyotaja pilipili na karafuu, na mstari unaofuata ni habari ya vitu vingine.

Watu hao walitumikishwa katika nyumba za Wahispania, hata katika nyumba za watawa. Wengine walibatizwa. Hapo ndipo tunapotaka washarika watulie kidogo. Mtu alitolewa katika nchi ya Msumbiji akavushwa bahari mbili, akaletwa kwenye kisima cha ubatizo, akamiminiwa maji kwa jina la Baba na la Mwana na la Roho Mtakatifu, akapewa jina la mtakatifu. Alipotoka mlangoni aliendelea kuitwa cafre, asiyeamini. Neno lililopaswa kusema habari ya imani yake lilikuwa limekwisha kuhamia kwenye ngozi, na ngozi haibatizwi ikageuka. Kanisa lililokuwa na bidii ya kumtoa shetani kwenye mti halikupata bidii ya kumwondolea ndugu huyu jina hilo. Jina likaendelea kuishi bila yeye, likapanda mtini, likaketi kwenye tawi. Nyumba iliyokuwa ya babu ikapata mpangaji mpya, Mwafrika aliyegeuzwa zimwi. Hata tumbaku anayoivuta ililetwa na Wahispania kutoka Amerika, kwa hiyo tunaweza kusema kwamba jitu hilo lote, tangu jina mpaka sigara, lilishuka melini.

Tunaandika haya tukijua kwamba neno hilo lilipata nguvu zake mahali pa karibu. Watu wa mwambao walilitamka juu ya watu wa bara kabla Mreno hajalisikia. Baadaye walikuwa na mshenzi, jina la mtu wa bara, lililomfuata mtumwa mpaka sokoni. Nasi wa bara tulipokwisha kubatizwa tulijifunza mpagani, na tumewasikia wazee wa kanisa wakilitaja neno hilo juu ya kabila zima la jirani, wakiwemo washarika wa kabila hilo waliokuwa wameketi benchi la nyuma na kadi zao za ubatizo mfukoni. Paulo aliwaandikia Wagalatia waliobatizwa juu ya mambo haya haya, na hakuwa anawaandikia watu waliokwisha kuyamaliza.

Huko Ufilipino kapre wa leo si wa kutisha sana. Yumo katika filamu na vitabu vya picha vya watoto, mara nyingine mpole, mara nyingine mchekeshaji. Wanaomchora hawakusudii kumtukana mtu, na ni wachache wanaojua kwamba jina lake lilikuwa la mtu wa kweli aliyekuwa na mama. Jioni wanatoka ibadani, wanapita chini ya mbalete, na kwa yule aliye juu wanasema tabi-tabi po, kwa adabu yote, wakimpa ile po ya wazee ambayo, tunadhani, mtumwa aliyeshushwa bandarini Manila hakupata kuambiwa na mtu yeyote.