Bandimere Speedway

Bandimere Speedway ulikuwa uwanja wa mbio za dragi uliokuwa Morrison, mji mdogo magharibi mwa Denver katika jimbo la Colorado, Marekani. Mbio za dragi ni mashindano ya magari mawili yanayoondoka pamoja kutoka kusimama, kila moja kwenye njia yake iliyonyooka, na la kwanza kufika mwisho ndilo mshindi. Uwanja huo ulimilikiwa na kuendeshwa na familia ya Bandimere tangu ulipofunguliwa mwaka 1958 hadi ulipofungwa mwaka 2023. Mashabiki waliuita Thunder Mountain, yaani Mlima wa Radi.

Mwanzo

Baada ya Vita Kuu ya Pili vijana wengi wa Marekani walinunua magari makuukuu, wakayaongezea nguvu na kushindana nayo usiku kwenye barabara za umma. Ajali zilizidi, na polisi wakawa wanawaandama. Mwaka 1951 Wally Parks aliunda NHRA, chama kilichokusudia kuwatoa vijana hao barabarani na kuwapa viwanja, sheria na ukaguzi wa magari. Katika hali hiyo John Bandimere Mkubwa, mfanyabiashara wa vipuri vya magari, alinunua ardhi chini ya kigongo cha miamba huko Morrison na kujenga njia ya mbio. Majukwaa ya watazamaji yalifuata mteremko wa kigongo, na ngurumo za injini zilipogonga miamba zilirudi kwa kishindo.

Mbio zilivyoendeshwa

Umbali wa kawaida wa dragi ni robo maili, yaani mita 402. Kabla ya kuondoka, dereva hulowesha magurudumu ya nyuma na kuyazungusha papo hapo mpaka yatoe moshi, ili mpira upate joto na kushika njia. Kisha husogeza gari polepole hadi kwenye miale inayothibitisha kwamba limekaa sawa mstarini. Mbele yake husimama nguzo ya taa. Katika madaraja ya juu taa tatu za manjano huwaka kwa pamoja, na baada ya sekunde 0.4 huwaka ya kijani. Anayeondoka kabla ya hapo huwashiwa nyekundu na kushindwa.

Daraja la juu kabisa ni Top Fuel. Gari lake lina injini ya takriban lita 8.2 inayotumia mafuta yenye nitromethani nyingi, huvuka mwendo wa kilomita 500 kwa saa, na hupunguzwa mwendo kwa miamvuli inayofunguka nyuma yake. Ni mchezo ulio mbali na Safari Rally ya Afrika Mashariki, iliyoanza mwaka 1953. Kwenye Safari gari hupimwa kwa siku kadhaa za vumbi na matope, ilhali kwenye dragi kazi ya miezi huamuliwa kwa sekunde chache.

Hewa nyembamba

Uwanja ulikuwa kwenye kimo cha takriban mita 1,770 juu ya usawa wa bahari, karibu sawa na Nairobi. Kwenye kimo hicho hewa ni nyepesi kwa karibu moja ya sita kuliko pwani, na injini isiyopata oksijeni ya kutosha hupoteza nguvu. Dereva anayetoka Mazinde na kupandisha lori kutoka Mombo hadi Lushoto, nchini Tanzania, mpando wa karibu mita 1,000, anaijua hali hiyo kwa mguu wake kwenye pedeli. Kwa sababu hiyo mafundi waliokuja Morrison iliwalazimu kupanga upya vipimo vya mafuta na gia, na wa Top Fuel waliongeza mzunguko wa supachaja ili kusukuma hewa zaidi ndani ya injini. Jua kali la Julai nalo lililainisha sehemu ya kuondokea, hivyo familia iliweka mabomba ya kupoza chini ya zege.

Mashindano makubwa

Mwishoni mwa miaka ya 1970 uwanja uliingia kwenye ratiba ya kitaifa ya NHRA kwa mashindano ya Mile-High Nationals. Mwaka 1988 ulijengwa upya kwa kiasi kikubwa. Mashindano hayo yakawa pamoja na ya Sonoma na Seattle katika majuma matatu mfululizo ya kiangazi. Dereva Joe Amato alikuwa wa kwanza kushinda yote matatu, mwaka 1991.

Mwaka 2008 dereva Scott Kalitta alifariki katika ajali huko Englishtown, New Jersey. Kutokana na ajali hiyo NHRA ilifupisha mbio za Top Fuel na za daraja jingine liitwalo Funny Car kuwa futi 1,000, yaani mita 305, na umbali huo mpya ulianza kutumika Morrison mwezi Julai mwaka huohuo.

Umiliki na kufungwa

John Bandimere Mdogo alirithi uongozi kutoka kwa baba yake, na kizazi cha tatu nacho kikashiriki katika kazi. Familia haikutegemea mashindano ya kitaifa peke yake. Ilifungua uwanja pia kwa watu wa kawaida waliotaka kupima magari yao, wakiwemo wanafunzi, kwa lengo lilelile la kupunguza mbio za mitaani.

Mwaka 2020, wakati wa janga la korona, idara ya afya ya kaunti ya Jefferson iliufikisha uwanja mahakamani kuhusu mkusanyiko wa Julai. Tatizo la kudumu zaidi lilikuwa ardhi. Denver ilikuwa imepanuka hadi Morrison, barabara kuu ikapita jirani, na nafasi ya kukua ikaisha. Aprili 2023 familia ilitangaza kwamba msimu huo ungekuwa wa mwisho mahali hapo. Mile-High Nationals ya mwisho ilifanyika Julai 2023, na msimu wa 2024 ratiba ya kitaifa ya NHRA haikuwa na mashindano yoyote Colorado.