Mabadiliko ya Maisha ya Wanawake wa India: Sheria au Shule?

Wanawake wa India wa leo ni marubani, majaji na mawaziri, ilhali mababu zao waliozwa wangali watoto. Je, badiliko hilo lililetwa na sheria? Insha hii inaeleza kwamba sheria ilisaidia, lakini elimu ndiyo iliyompa mwanamke nguvu ya kuitumia.

Mwanzoni mwa karne ya 19, katika baadhi ya jamii za Kihindu, hasa za tabaka la juu, mjane hakuruhusiwa kuolewa tena. Wengine walichomwa moto pamoja na maiti za waume zao, desturi iliyoitwa sati. Raja Ram Mohan Roy aliipinga, na mwaka 1829 utawala wa Waingereza ukaipiga marufuku katika Bengal. Mwaka 1856 mjane wa Kihindu alihalalishiwa ndoa ya pili. Hata hivyo, waliothubutu kuolewa tena walikuwa wachache, kwa sababu jamii iliwatenga.

Wakati huohuo njia nyingine ilikuwa imefunguliwa. Mwaka 1848 Savitribai Phule na mumewe Jyotirao walianzisha shule ya wasichana mjini Pune. Matunda ya elimu yanaonekana vizuri katika kisa cha Rukhmabai wa Bombay. Aliozwa akiwa na miaka 11, lakini alibaki kwao akisoma. Mumewe alipomshtaki ili ahamie kwake, alikataa. Mwaka 1887 mahakama ilimwamuru aende kwa mumewe, la sivyo afungwe miezi sita. Rukhmabai akasema kwamba angechagua kifungo. Mwaka 1888 shauri lilimalizwa kwa mume kulipwa fedha. Rukhmabai alikwenda London kusomea udaktari, kisha akarudi kutibu wanawake wenzake.

Baada ya uhuru wa 1947, sheria ziliongezeka. Mwaka 1961 mahari ilikatazwa. Kwetu mahari hutolewa na upande wa mwanamume, lakini India hutolewa na upande wa bibi harusi, na mzigo huo umewafanya wazazi wengi kuona binti ni hasara. Mpaka leo inatolewa kwa jina la zawadi.

Kwa kumalizia, sheria inaweza kukataza desturi, lakini haiwezi kukaa sebuleni wazazi wanapopatana mahari. Anayekaa pale ni binti mwenyewe. Akiwa amesoma na ana kipato chake, anaweza kusema hapana, kama Rukhmabai alivyosema kabla sheria haijamlinda.