Dakika Mbili na Nusu za Idi Amin

Barbet Schroeder alipokwenda Uganda kupiga filamu, pamoja na mpigapicha Néstor Almendros, Idi Amin aliwapokea kwa mikono miwili. Jenerali huyo aliyempindua Milton Obote Januari 1971 aliipenda kamera. Aliipakia mashuani akaitembeza Mto Nile kuona mamba na tembo. Akaiandalia na vita: askari wake wakafanya mazoezi ya kuiteka Milima ya Golan kutoka kwa Israel, hapo hapo Uganda. Hata muziki wa filamu alitoa yeye, kwa kodiani yake.

Mimi hurudia zaidi kikao cha Baraza la Mawaziri. Amin anaonya, anarukia hili na lile, na mawaziri wazima wameinamia madaftari kama watoto kwenye imla. Miongoni mwao yumo Michael Ondoga, waziri wa mambo ya nje. Haukupita muda mrefu, maiti yake ikaokotwa Mto Nile.

Schroeder alitoa nakala mbili. Ya saa moja hivi ilipelekwa Uganda, na inasemekana Amin aliifurahia. Ya pili, ndefu zaidi na yenye maelezo ya msimulizi, ilitoka Ufaransa mwaka 1974. Amin akatuma makachero Uingereza waitazame na kunakili maneno yote. Walipompelekea, akamwandikia Schroeder barua: kata hapa na hapa. Schroeder akakataa. Yuko Paris, nani angemfanya nini?

Lakini Uganda walikuwapo Wafaransa. Amin akawakusanya karibu 200 hotelini, wanajeshi wakaizingira, kisha akawagawia namba ya simu ya nyumbani kwa Schroeder wambembeleze wenyewe. Kwa ukatili wake wote, huyu mtu alijua kazi ya udhibiti kuliko bodi nyingi za filamu.

Schroeder akasalimu amri, akaondoa dakika mbili na nusu hivi. Ila penye pengo akaweka maandishi ya kumjulisha mtazamaji kwamba mkataji ni Amin. Kwa kuwa filamu yenyewe aliipa jina la picha ambayo Amin amejichora kwa mkono wake, sioni kama maandishi hayo yaliiharibu.

Aprili 1979 majeshi ya Tanzania na wapiganaji wa Uganda waliingia Kampala, Amin akakimbia. Schroeder akavirudisha vipande vyake, na nakala nyingi zinazoonyeshwa siku hizi ni hiyo kamili.