Siku Wikipedia Ilizima Taa

Kabla mtu aniite mwizi kwa komenti, wacha nikiri mwenyewe. Programu ya kwanza niliyotumia kuhariri video ilikuwa ya wizi. Nilikuwa nimeacha chuo, karo haikuwepo, na jamaa wa saiba mtaani akaniwekea kwa flashi, soo moja tu. Mambo ya muvi ndiyo hata tusiongee. So nikiskia serikali yoyote inataka kufunga tovuti za kushea mafaili, siwezi jifanya mtazamaji. Mimi ni mshukiwa.

Hii vita ni ya kitambo, na raundi moja kubwa ilipigwa Marekani, Januari 2012. Wengine wenu mlikuwa bado nasari, kwa hivyo nifuateni polepole.

Oktoba 2011, Lamar Smith, mbunge wa Texas, alipeleka bungeni mswada ulioitwa SOPA. Kwa Seneti tayari kulikuwa na ndugu yake, PIPA. Mpango ulikuwa hivi: tovuti ya nje ikishukiwa kugawa kazi za wenyewe bila ruhusa, korti inaamuru Google na wenzake waifiche, kampuni za malipo ziikatie pesa, na kampuni za intaneti ziizuie.

Kuizuia aje? Kila tovuti ina nambari yake. Wewe unaandika jina, mtandao unakutafutia nambari, vile simu yako inafanya ukibonyeza "Mathe". Mswada ulitaka lile jina lifutwe kwa orodha. Lakini mathe bado ana simu. Ukijua nambari yake kwa kichwa, unapiga na anashika. Desemba hiyo, mainjinia 83, akiwemo Vint Cerf aliyesaidia kubuni intaneti yenyewe, waliandikia bunge barua wakisema mpango huo utavuruga mtandao mzima.

Barua za mainjinia husomwa na wachache. Kile kilishtua watu ni Januari 18. Wikipedia ya Kiingereza ilijizima masaa 24. Fikiria una asainmenti ya kesho, unafungua, unapata ukurasa mweusi unaokuambia umpigie mbunge wako. Zaidi ya watu milioni 160 waliuona. Google nayo ilifunika nembo yake kwa kisanduku cheusi, na watu zaidi ya milioni 7 wakatia sahihi kwa ombi lake. Siku mbili baadaye, miswada yote miwili iliwekwa kando. Haijawahi kurudi.

Hapo ndipo watu wengi huishia wakisimulia hii stori. Lakini katikati ya hizo siku mbili kuna Januari 19.

Siku hiyo Marekani iliifunga Megaupload, tovuti ya kuhifadhi na kushea mafaili iliyodai kuwa na watumiaji milioni 150 waliojisajili. Mwanzilishi wake, Kim Dotcom, alikamatwa kwake New Zealand. Waendesha mashtaka walisema wenye kazi walipoteza zaidi ya dola milioni 500. Na hawakuhitaji SOPA. Sheria walizokuwa nazo tayari zilitosha.

Sasa, kwa hizo seva hakukuwa na muvi za wizi pekee. Kuna jamaa wa Ohio aliyekuwa anarekodi mechi za shule za sekondari, ndiyo biashara yake. Video zake alikuwa ameziweka Megaupload, na ile disk ya nyumbani ilikuwa imekufa siku chache kabla. Alienda kortini kuomba kazi yake mwenyewe, kesi ikajikokota miaka. Hakuwa ameiba kitu.

Nikisoma kumhusu huwa naskia tumbo likikaza, kwa sababu huyo ni mimi. Mwaka jana kuna ukurasa ulichukua video yangu, ukakata jina langu, ukapata watazamaji mara kumi zaidi yangu. Nililala na hasira. Siku hiyo ningepewa swichi ya kufunga huo ukurasa, ningeibonyeza bila kufikiria. Kwa hivyo wasanii wanaolia wanaibiwa, nawaelewa. Shida yangu ni swichi yenyewe. Haijui kutofautisha mwizi na yule jamaa wa mechi za shule.

Na usidhani ni mambo ya huko mbali. Novemba 2023, na tena Novemba 2024, Telegram ilikwama hapa Kenya wakati wa KCSE, sababu ikiwa ni mitihani kuvuja. Wengine wetu tuliweka VPN mchana huohuo. Aliyeumia ni nani? Si yule wa kuuza karatasi, huyo ana njia zake. Ni msee anayeuzia wateja viatu kwa chaneli yake na hajui VPN ni mnyama gani.

Kitu kilichoshinda Marekani si ujanja wa kupita ukuta. Ni watu kumpigia mbunge simu kabla ukuta ujengwe. Kwetu huwa tunaweka VPN halafu tunanyamaza, na mwaka unaofuata ukuta unarudi.

Programu yangu siku hizi nalipia, kila mwezi, na inauma. Na video zangu zote ziko kwa disk mbili, moja kwangu, moja kwa mathe. Kama zako ziko mahali pamoja tu mtandaoni, fanya hivyo leo.