Maria Pia Casilio: boyesi wa «Umberto D.»

Wapenzi wa filme za Italia wanajua haraka majina ya Sophia Loren na Gina Lollobrigida. Jina la Maria Pia Casilio halitajwi sana. Lakini ni yeye aliyecheza, bila kusema neno, dakika chache za jikoni ambazo watu wa sinema wanazizungumuzia mpaka leo.

Alizaliwa tarehe 5 mwezi wa tano 1935 huko San Pio delle Camere, kijiji cha milima ya Abruzzo. Hakusomea kazi ya kucheza filme. Alikuwa angali kijana wakati Vittorio De Sica alimuchagua kwa ajili ya «Umberto D.», filme iliyotoka mwaka wa 1952.

Filme hiyo inahusu muzee mwenye pensheni ndogo ambaye mwenye nyumba anataka kumufukuza. Casilio ni Maria, boyesi wa nyumba ile. Ana mimba, na maaskari wawili anaowazania kila mumoja anakataa kwamba ni yake. Bibi wa nyumba akijua, atamufukuza. Na kwao kijijini anaogopa kupigwa.

Asubuhi moja Maria anaamuka, anaingia jikoni, anawasha kiberiti, anamwagia maji sisimizi walioko ukutani. Kisha anaketi na kusaga kahawa, huku ananyoosha muguu ili asukume mulango ujifunge. Anaangalia tumbo lake, machozi yanatoka, lakini mikono inaendelea kusaga. Ni hayo tu. Mufaransa André Bazin, mujuzi wa kuchambua filme, alisifu sana sehemu hiyo: kazi ya kila siku ya boyesi ilipewa wakati wake wote, sawa vile inafanyika nyumbani.

Kisha hapo Casilio aliitwa mara nyingi, lakini kwa nafasi za pembeni. Mwaka wa 1953 alikuwa tena boyesi katika «Thérèse Raquin» ya Marcel Carné. Mwaka huohuo, katika «Pane, amore e fantasia» ya Luigi Comencini, alikuwa Paoletta, binti wa ukoo wa padri, huku Lollobrigida akishika nafasi kubwa. Mwaka wa 1954 akawa Elvira, muchumba wa Alberto Sordi katika «Un americano a Roma».

Aliolewa na Giuseppe Rinaldi, ambaye sauti yake Waitalia waliizoea sana: ndiye aliyewasemea Paul Newman na Marlon Brando kwa Kiitalia.

Casilio alifariki Roma mwezi wa ine 2012, akiwa na miaka 76. Mwenye kupata nafasi ya kutazama «Umberto D.», asiruke sehemu ya jikoni akizani kwamba hakuna kinachotokea. Binti yule anafanya kazi, na kwa wakati uleule anajiuliza ataenda wapi na mutoto.